Lydia Amepotea: Ushauri kwa Wanaotumia Amri za Skyrim

Maswali ninayoulizwa kuhusu amri za Skyrim huwa ya aina mbili. Wapo wanaotaka dhahabu, na wapo waliompoteza Lydia, msindikizaji wao ndani ya gemu. Wa dhahabu nitawavunja moyo kidogo huko mbele. Wa Lydia ndio nitakaowahudumia kwanza, maana kwa mtazamo wangu amri hizi zina kazi moja ya heshima, nayo ni kuitengeneza dunia ya gemu pale ilipokwama. Nyingine zote ni anasa, na baadhi ya anasa hizo huimaliza gemu kabla hujaionja.

Kwa asiyejua, konsoli ni kidirisha cha kuandikia maagizo kinachojitokeza chini ya skrini huku gemu ikisimama. Watengenezaji wa Bethesda Game Studios walikihitaji wenyewe: anayejaribu mlango mmoja ndani ya pango la mbali hawezi kutembea njia nzima kila anapotaka kujua kama mlango umepona. Walikiacha ndani ya gemu ya Morrowind mwaka 2002, wakakiacha tena ndani ya Oblivion mwaka 2006, na Skyrim ilipotoka tarehe 11 Novemba 2011 kilikuwamo. Kipo kwenye kompyuta tu. Mwenye PlayStation, Xbox au Switch anaweza kusoma kwa kujifurahisha, ila hana pa kukifungulia.

Kitufe chake kwenye kibodi nyingi kiko chini ya Esc, kushoto mwa namba 1. Kibonyeze kufungua, kibonyeze tena kufunga. Herufi kubwa na ndogo hazina tofauti. Kishale cha juu hurudisha amri uliyotangulia kuandika, na PageUp hukupandisha kusoma majibu yaliyokwisha kupita. Jambo la kukumbuka kuliko yote hayo ni kwamba konsoli haikuulizi “una uhakika?”. Ukibonyeza Enter, imekwisha.

Ndiyo maana kabla ya amri yoyote unasevu. Usitegemee F5, kwa sababu sevu ya haraka inaifuta iliyotangulia, wala usitegemee sevu za gemu yenyewe, ambazo nazo hufutana kwa zamu. Fungua menyu, fanya sevu mpya kabisa, kisha ndipo uandike. Kwa wanaotumia toleo la Special Edition la 2016, mafaili hayo yanakaa ndani ya Documents, My Games, Skyrim Special Edition, Saves, na huishia na .ess. Nakili machache kwenye flashi. Sisi ambao umeme hukatika katikati ya jambo tuna sababu ya ziada ya kufanya hivyo, konsoli au bila konsoli.

Sasa kuna tofauti ambayo orodha nyingi za amri hazikuambii, na ukiielewa hii umeelewa nusu ya kazi. Amri nyingine ni swichi: zinawaka, zinazimika, na ukifunga gemu zinasahaulika. Nyingine zinaandikwa ndani ya sevu yako na utaishi nazo hadi mwisho wa safari ya mhusika huyo. Amri ya tgm, inayokufanya usife wala usiishiwe nguvu, ni swichi. Vivyo hivyo tcl, inayokuruhusu kupita ndani ya kuta. Lakini ukibadilisha afya yako kwa setav, ukifunua ramani yote kwa tmm 1, au ukipunguza mwendo wa saa kwa set timescale to 10, hayo yanasevika. Ukinunua muda wa kupumua kwa tgm, kesho umerudi ulivyokuwa. Ukiifunua ramani yote kisha ukasevu, umejinyima raha ya kuona kilele kwa mbali na kujiuliza kuna nini kule, na hakuna amri ya kuirudisha raha hiyo.

Swichi nazo zina mtego wao. Kwa kuwa haziko ndani ya sevu, ukipakia sevu ya zamani bila kuifunga gemu zinaweza kubaki zimewaka. Mtu anapambana na joka nusu saa, anajisifu, kumbe tgm ya asubuhi bado inafanya kazi. Ukimaliza shughuli za konsoli, toka kabisa na uingie upya. Amri ya qqq hukutoa papo hapo bila kupitia menyu.

Turudi kwa Lydia. Ili kumgusa mtu au kitu kwa amri unahitaji kukitambulisha, na kuna namna mbili. Kama unakiona, fungua konsoli na ukibofye kwa kipanya, namba yake itatokea juu ya skrini. Kama hukioni, unaandika prid kisha namba yake. Hapa watu hukosea, kwa sababu kila mtu ndani ya Skyrim ana namba mbili. Moja ni ya kiolezo alichotengenezewa, nyingine ni ya yeye mwenyewe aliyesimama pale. Majambazi wengi huchongwa kwa kiolezo kimoja, lakini kila aliyesimama ana namba yake. Kiolezo cha Lydia ni 000a2c8e. Lydia mwenyewe ni 000a2c94. Sifuri za mbele unaweza kuziacha.

Anayetafuta Lydia aanze bila amri. Ukimwambia aende zake, hurudi kwenye ikulu ya Dragonsreach mjini Whiterun, au nyumbani Breezehome kama umeshainunua. Nenda ukaangalie. Kama hayupo, andika prid a2c94, kisha getdead. Jibu likiwa 0, yu hai. Likiwa 1, pole sana. Akiwa hai, wengi huandika moveto player ili aletwe walipo, na inafanya kazi. Mimi napendelea kinyume chake, player.moveto a2c94, inayokupeleka alipo yeye. Sababu ni udadisi tu: unamkuta amesimama juu ya mwamba ambao mbuzi asingeuthubutu, na unaelewa kwa nini hakukufuata. Ila kama Jarl Balgruuf, mtawala wa Whiterun, bado hajakupa cheo cha Thane, usimguse Lydia kwa amri yoyote. Zamu yake kwenye hadithi haijafika.

Kosa baya zaidi kwenye suala hili ni player.placeatme. Amri hiyo huumba kitu kipya kutoka kwenye kiolezo. Ukiandika player.placeatme a2c8e, atatokea Lydia mbele yako, na utafurahi, mpaka umwone wa kwanza akishuka mlimani. Sasa unao wawili, na huyu wa pili amezaliwa na namba inayoanza na ff, alama ya vitu vilivyoumbwa gemu ikiendelea. Mtu mwenye jina anasogezwa kwa moveto. Placeatme iachie mbuzi na mapipa.

Kuhusu kubofya, angalia vizuri jina na namba kabla ya kuandika. Ukungu, vumbi na mwanga ndani ya mapango ni vitu kama vitu vingine, na mara nyingi kipanya hudaka ukungu ulio mbele badala ya mtu aliye nyuma yake. Sogea, badilisha upande, bofya tena. Hili lina uzito hasa kwa disable, amri inayokiondoa kitu machoni. Ina matumizi mazuri: katika Skyrim mifupa ya joka uliyemuua wiki iliyopita ina tabia ya kukuandama, na kila ukiingia mjini inaanguka tena kutoka angani. Bofya mifupa, andika disable, yamekwisha. Lakini ukiwa umebofya pembeni kidogo, ukuta wa nyumba ya watu ndio utakaotoweka. Usibofye kingine, andika enable pale pale na ukuta utarudi. Markfordelete, inayofuta kitu moja kwa moja, iandike baada ya kuridhika kwamba ulichokificha ndicho hasa ulichokusudia, kwa sababu baada ya hapo enable haitakuokoa.

Misheni zilizokwama ni eneo jingine ambalo konsoli inastahili sifa, na ndilo linalohitaji subira zaidi. Mfano maarufu ni Blood on the Ice, ile ya mauaji ya usiku mjini Windhelm. Kuna wachezaji ambao kwao haikuanza kabisa, na wengine ilianza ikasimama katikati, mashahidi wakiwa kimya. Kishawishi ni kukimbilia setstage, amri ya kuisukuma misheni hadi hatua unayotaka. Usianze na hiyo. Kwanza ondoka mjini, kalale kwingine siku kadhaa za gemu, rudi usiku, maana misheni hiyo huanzia makaburini gizani. Ikishindikana, pakia sevu ya kabla ya mkwamo. Kama tatizo ni kwamba hufiki kwenye mtu au kitu kinachotakiwa, jaribu movetoqt ikifuatiwa na jina la ndani la misheni, ambalo kwa hii ni ms11. Amri hiyo inakuhamisha wewe tu hadi panapotakiwa, bila kuigusa misheni.

Yote yakishindikana, andika sqs ms11. Utaona hatua za misheni na zipi zimeshapita. Kisha getstage ms11 ikuambie ulipo. Kutoka hapo, ukilazimika kutumia setstage, sogea hatua moja, funga konsoli, angalia kama dunia imeitikia, halafu endelea. Kila hatua ina kazi zake za ndani: kufungua mlango, kumhamisha mtu, kukukabidhi ufunguo. Ukiruka kutoka hatua za mwanzo hadi ya mwisho, daftari lako litasema misheni imekamilika, lakini mlango utabaki umefungwa na mtu aliyepaswa kuhama bado atakuwa amekaa kitini. Uharibifu wa namna hii hauonekani siku hiyo. Unaonekana misheni nyingine inapomhitaji mtu yule yule.

Majina ya ndani na namba za vitu utazipata kwenye tovuti ya UESP, kazi ya miaka mingi ya wapenzi wa Elder Scrolls, mfululizo wa gemu ambao Skyrim ni mmojawapo, au ndani ya konsoli yenyewe. Andika help, kisha jina ndani ya alama za kunukuu, kisha 4. Kwa mfano help "auriel" 4 itakuletea upinde wa Auriel na namba yake kamili. Njia hii naipenda zaidi kuliko kunakili namba kutoka mahali, kwa sababu tarakimu mbili za mwanzo hutegemea mpangilio wa mafaili kwenye kompyuta yako. Vitu vya gemu ya msingi huanza na 00. Vya nyongeza kama Dawnguard na Dragonborn, na vya modi ulizoweka, huanza na tarakimu nyingine, ndiyo maana kwenye orodha za watu huandikwa xx. Rafiki yako akikutumia namba ya kwake ikakupa kabichi badala ya upanga, hakukudanganya.

Wafu nao wana amri yao. Tangu Dawnguard ya mwaka 2012, wanyonya damu huvamia miji usiku, na mwenye duka uliyemzoea anaweza kuokotwa asubuhi amelala barabarani. Si kosa lako na hukupata nafasi ya kumtetea, kwa hiyo mimi humfufua bila aibu: bofya maiti, andika resurrect. Kama ni msindikizaji wako, chukua kwanza silaha ulizompa, kwa sababu anaweza kuamka na mzigo wake wa mwanzo tu. Ukitaka kuzuia kabla, setessential hufanya mtu asiuawe, ila hii hudai namba ya kiolezo na 1 mwishoni: setessential a2c8e 1 kwa Lydia. Usiwafanyie wote. Mji ambao hakuna anayeweza kufa ni mji wa sanamu.

Sasa dhahabu. Amri ni player.additem f 1000, na utapata sarafu 1000. Nimeiandika ili usiitafute kwingine, na ili nikuambie usiitumie. Breezehome inauzwa sarafu 5000. Kwa anayeanza, kuzipata ni safari ya mapango, ya kuuza ngozi, ya kuamua uache upanga gani ili ubebe kinywaji gani. Safari hiyo ndiyo gemu yenyewe saa za mwanzo. Ukijimwagia sarafu 100000, huna tena sababu ya kuingia pangoni, na wengi niliowaona wakifanya hivyo waliiacha Skyrim siku hizo hizo wakilalamika kwamba haina jambo. Kama ulipoteza sarafu kwa hitilafu, jirudishie ulizopoteza na uishie hapo.

Uzito ni kesi yenye utetezi. Unaanza na uwezo wa kubeba 300, mfupa mmoja wa joka una uzito wa 15 na gamba 10, na joka mmoja huacha kadhaa. Baada ya majoka wawili unatembea kama gari la ng'ombe. Kabla ya amri, tafuta jiwe la Steed Stone kaskazini-magharibi mwa Solitude, litakuongezea 100 kwa njia halali. Lisipokutosha, andika player.modav carryweight 100. Tofautisha modav na setav: ya kwanza inaongeza juu ya ulichonacho, ya pili inaweka kiwango kipya cha msingi. Soma kiwango cha sasa kwa player.getav carryweight kwanza, na uvue nguo na pete zenye uchawi ili usichanganye hesabu. Neno player na nukta yake lisikutoke. Ukilisahau huku umembofya jambazi, nguvu hizo zitakuwa zake.

Ujuzi una mtego wa kimya kimya. Ukiandika player.setav onehanded 100, ujuzi wako wa upanga utafika 100, lakini ngazi yako haitapanda, maana ngazi hupanda kwa maendeleo ya ujuzi na setav haihesabiwi. Utakuwa bingwa asiye na pointi za kuwasha nyota hata moja. Inayohesabiwa ni player.advskill, inayoongeza uzoefu kana kwamba umefanya kazi. Jihadhari na majina: upinde kwenye konsoli ni marksman, na ufasaha ni speechcraft. Ukijipandisha ngazi 20 kwa ufasaha peke yake, maadui wengi watapanda pamoja nawe, na utawakuta pangoni na maneno matamu tu. Showracemenu, ya kubadili sura, isevie kabla, kwa kuwa kubadili kabila kunaweza kuvuruga ujuzi wako. Kama unataka pua nyingine tu na una Dawnguard, nenda kwa Galathil, mchonga nyuso, ndani ya Ragged Flagon mjini Riften. Atakutoza sarafu 1000 na hatavuruga chochote.

Zipo amri ambazo sioni sababu ya mtu kuziandika kwenye sevu anayoipenda. Caqs inakamilisha hatua za misheni zote kwa mkupuo, na kompyuta ikisalimika, gemu imekwisha. Killall ndani ya mji inaua kila anayeweza kufa karibu nawe, mwenye duka na mtoa misheni pamoja. Coc, inayokuhamisha mahali kwa jina, ni salama ukiwa ndani ya safari, lakini ukiiandika kwenye menyu ya mwanzo unaingia duniani bila mhusika kuandaliwa. Chumba maarufu cha majaribio, coc qasmoke, chenye masanduku ya kila kitu, kakitembelee kwa sevu ya kutupa. Masanduku hayo huchukua muda kufunguka, na ukibeba kitu cha misheni ambayo hujaianza, usishangae misheni hiyo ikikosa mpangilio. Kutoka, andika coc riverwood.

Ukijikuta unaandika amri zile zile kila ukiingia, ziweke kwenye faili la maandishi matupu, moja kila mstari, liite kwa mfano picha.txt na uliweke kwenye folda ilipo programu ya gemu. Ndani ya konsoli andika bat picha na zitatekelezwa zote. Kuhusu mataji ya Steam (achievements), katika Special Edition konsoli haiyazuii, modi ndizo zinazoyazuia. Usiuhamishie ukweli huo kwenye gemu ya Starfield ya mwaka 2023, ambako konsoli yenyewe huyazima.

Na kama una mhusika unayempenda, amri zinazostahili kuzoewa ni za picha. Tfc huitoa kamera mwilini na kukuruhusu kuruka nayo, tfc 1 husimamisha na dunia, joka akiwa bado ametoa moto hewani. Kamera ikienda kasi mno, ipunguze kwa sucsm na namba ndogo. Tm huondoa maandishi yote kwenye skrini, na konsoli yenyewe inapotea pamoja nayo. Ukimaliza kupiga picha, fungua konsoli ingawa huioni, andika tm bila kuona, bonyeza Enter, kila kitu kitarudi. Ukikosea herufi, bonyeza Enter na uanze tena.